Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Ngojaiti, Jiwe la Kigombe

Hadithi ya ngojaiti naiandika sehemu kwa sehemu kila Alhamisi, na kila Ijumaa asubuhi simu yangu inafurika maswali. Mengine yananichekesha hadi kahawa inamwagika, mengine yamenikosesha usingizi. Nimekusanya hapa yale yanayorudi kila wiki, ili nisimjibu kila mtu peke yake, na ili nipate wasaa wa kuandika. Uliyeingia leo anzia juu. Wenyeji chagueni.

Ngojaiti ipo kweli?

Haipo. Nimeibuni mimi, barazani Ngamiani, mjini Tanga, siku mvua ilipotuzuia kuanzia adhuhuri hadi magharibi na kashata zikatuishia. Hakuna mgodi wake, hakuna aliyeichimba kwenye machimbo ya vito ya Umba, Kalalani wala Mererani. Vilivyopo kweli ni vilivyoizunguka: Kigombe, kijiji cha pwani ya Tanga, ipo, Mto Pangani upo, na wanawake wanaokwenda kuchokoa pweza maji yakipwa wapo, nendeni mkawaone.

Jiwe lenyewe linafanya nini?

Linapunguza mwendo wa wakati kwa anayelifumbata, na kwa yeyote aliye ndani ya pima moja naye, yaani urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa. Basi.

Halisimamishi dunia. Hapa ndipo wengi wanapopotea, maana jina wanalisoma kinyume. Wanadhani ukilishika unaiambia dunia "ngoja", nayo inasimama kama daladala kituoni, wewe unamaliza shughuli zako, kisha unairuhusu iondoke. Sivyo. Anayengoja ni wewe. Jua linakukimbia, chai ya jirani inapoa kufumba na kufumbua, na wanaokutazama wanaona mtu aliyeganda kama kigingi. Wao wanaishi, wewe umewekwa kando.

Kiasi gani? Nataka hesabu.

Gramu 1 inafanya saa yako moja iwe saa 2 za wenzako. Gramu 2, saa 4. Gramu 3, saa 8. Kila gramu inayoongezeka inazidisha mara mbili. Jiwe la Bibi, mchokoa pweza wa kwenye hadithi aliyeliokota Kigombe, lina gramu 5, yaani karati 25, kwa hiyo saa yake moja ni saa 32 za watu wengine.

Waliotangulia kupiga hesabu: ndiyo, gramu 10 zinafika 1,024. Ndiyo maana jiwe la gramu 10 hamtalikuta humu. Mhusika akilala nalo saa 8 tu, anaamka amekosa siku 341. Nyumba imeshapangishwa, mke ameshamaliza eda. Nitaanzia wapi kumsimulia mtu huyo?

Kwa nini "ngojaiti"?

Majina ya madini yana desturi ya kumalizikia hivyo: tanzanaiti, grafaiti, na hata ganeti ya Bonde la Umba wafanyabiashara waliipa jina la umbalaiti. Mimi nikachukua neno ngoja. Bibi yangu mzaa mama, kila tulipomwambia "ngoja kidogo, bibi", alijibu papo hapo: ngoja ngoja huumiza matumbo. Jina lilitangulia, jiwe likaja baadaye. Madalali wa kwenye hadithi hawasemi ngojaiti. Wanasema "ngoja" tu, na askari akipita wanasema "kashata".

Sehemu ya kwanza sikuielewa. Bibi alizama au hakuzama?

Hakuzama. Ilikuwa bamvua, siku ambazo bahari hupwa na kujaa kuliko kawaida, maji yamekupwa mbali, na Bibi ameinama na kijiti chake kwenye tundu la pweza. Akaona kijiwe kinametameta. Akakifumbata mkono wa kushoto, wa kulia ukaendelea kuchokoa. Kwake zilipita dakika 3. Kuinua uso, maji yamempita magoti na wenzake wote wako ufukweni wanapiga mayowe.

Dakika 3 mara 32 ni dakika 96. Bahari yetu huchukua saa sita na ushei kutoka kupwa hadi kujaa, kwa hiyo dakika hizo 96 zinatosha kabisa kumpandia mtu aliyesimama kwenye kidimbwi. Sasa waangalieni waliokuwa nchi kavu: kwao Bibi ameinama zaidi ya saa nzima, haitiki, hageuki, hata kanga yake haipepei kama kanga. Wakasema amepandwa. Mjukuu akakimbilia majini kumtoa, na alipofika pima moja kutoka kwake, naye akaganda. Ndiyo maana sehemu ya pili inaanza na watu wawili wamesimama baharini badala ya mmoja, jambo ambalo baadhi yenu mlidhani nimekosea kuhesabu.

Aliyewaokoa ni pweza. Alimzonga Bibi mkono wa kushoto, Bibi akafumbua kiganja, jiwe likadondoka, wote watatu wakarudi kwenye mwendo wa dunia. Jiwe alilifuata bamvua ya pili, wiki mbili baadaye.

Mvuvi mmoja wa huko huko alinisahihisha kwa ukali kidogo. Mwanzo niliandika kwamba yalikuwa maji mafu, na maji mafu hayapwi kiasi cha kumfikisha mtu kwenye miamba ile. Nimerekebisha. Asante, mjomba, na samahani kwa kukutia hasira.

Ukifunga Ramadhani na ngojaiti mkononi, saumu inakuwa fupi?

Swali hili huja kwa wingi kuanzia Shaabani. Yule dalali wa Barabara ya 8 alijaribu katika sehemu ya sita. Alikula daku, akatia nia, akalifumbata jiwe la Bibi na kujilaza. Saumu ya kwetu ni saa 13 na nusu hivi. Gawanya kwa 32: dakika 25. Aliposikia adhana ya magharibi, daku lilikuwa bado limemjaa tumboni, akashindwa hata kula tende.

Sasa je, saumu imekubaliwa? Mimi si shekhe. Kwenye hadithi ustadhi alimjibu kwamba jua limewachwea watu wote, kwa hiyo asubiri hukumu ya saumu kwa wajuzi zaidi. Ila adhuhuri na alasiri zimempita na anadaiwa, hilo halina mjadala. Dalali akauliza kama anaweza kuzilipa akiwa na jiwe mkononi. Ustadhi akaondoka bila kumjibu. Sehemu hiyo ndiyo niliyoifurahia kuiandika kuliko zote.

Jiwe linafanya kazi mkononi tu? Mbona lililala baharini na bahari haikuganda?

Hapa mlinikamata. Mwanzo niliandika kwamba linaamshwa na joto la mwili. Mwanafunzi mmoja wa kemia akaniuliza: mwamba wa Kigombe saa saba mchana una joto kuliko mwili wa mtu, vipi jiwe halikuamka lenyewe miaka yote hiyo? Nikajitetea kwamba linahitaji joto pamoja na chumvi ya jasho. Akanirudia baada ya dakika mbili: bahari nayo ina chumvi.

Basi kanuni ni hii: linahitaji kiganja cha mtu aliye hai, kimefumbwa. Mfukoni halifanyi kitu, kwenye pete halifanyi kitu, ukiliweka kabatini ni jiwe. Kwa nini? Kwa sababu nimesema. Kila hadithi ina mlango mmoja usiofunguliwa, na huu ndio wangu.

Linaweza kurudisha wakati nyuma?

Hapana. Najua kila anayeuliza swali hili ana mtu anayetaka kumrudia. Hata mimi ninaye. Hapana.

Kuna sayansi yoyote humu, au ni uganga mtupu?

Wazo la kwamba wakati hauendi sawa kila mahali ni la kweli, wala si langu. Nadharia ya Albert Einstein ya mwaka 1915 inasema kadiri ulivyo karibu na kitu kizito, ndivyo saa yako inavyokwenda polepole. Mwaka 1971 wanasayansi wawili wa Marekani, Hafele na Keating, walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria za kawaida, na ziliporudi hazikulingana na zile zilizobaki nyumbani. Leo saa zilizo kwenye setilaiti za GPS zinatangulia za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 (sehemu 38 za milioni za sekunde) kila siku, nazo husahihishwa. Zisiposahihishwa, ramani ya simu yako ingekutupa mbali kilomita kadhaa ndani ya siku moja.

Niliifanyia hesabu hiyo kwetu. Lushoto iko juu ya usawa wa bahari kwa karibu mita 1,400. Mtu anayeishi Lushoto, ukimlinganisha na aliyeko Raskazone anayetazama bahari, saa yake inatangulia kwa takriban mikrosekunde 5 kwa mwaka. Kwa umri wa miaka 70 haifiki hata nusu ya milisekunde. Kwa hiyo, ndugu zangu Wasambaa, mnazeeka haraka kuliko sisi wa pwani, ila si kiasi cha kutuombea rambirambi.

Uongo unaanzia kwenye ukubwa. Hata juu ya uso wa Jua, pamoja na uzito wake wote, wakati unapungua kwa takriban sehemu 2 tu katika milioni. Ili saa 1 iwe 32 kwa njia hiyo lazima ujisogeze kwenye ukingo wa shimo jeusi, lile la angani ambalo hata mwanga hauchomoki. Kijiwe cha gramu 5 hakina ubavu huo, na kingekuwa nao kisingemwachia Bibi mkono wala pweza.

Kama kilitoka bara, kilifikaje Kigombe?

Swali zuri na nililipanga: kwenye hadithi jiwe lilizaliwa bara, upande wa Mererani. Mto Pangani unakusanya maji ya Kilimanjaro na Meru. Mto Kikuletwa unaopita kwenye tambarare zile zile za upande wa Mererani unaingia Bwawa la Nyumba ya Mungu, na kutoka hapo ndipo Pangani unapoteremka, unapokea maji ya Usambara, hadi baharini. Ukifika mlangoni, mkondo wa bahari wa pwani yetu unaelekea kaskazini, na Kigombe iko kaskazini ya Pangani. Mawe ya eneo lote hilo la ndani, tangu Mererani hadi Umba, ni ya ukanda mmoja wa miamba iliyopikwa kwa joto na mgandamizo takriban miaka milioni 600 iliyopita. Kwa hiyo jiwe lililozaliwa huko kuteremshwa na mto, likasukumwa na mawimbi karne kwa karne, halivunji kanuni yoyote ya kijiolojia. Lakini ni lazima liwe lilipita zamani. Bwawa la Nyumba ya Mungu la miaka ya 1960 lingelikamata.

Rangi yake? Ugumu wake?

Kijani cha maji ya mikoko ukilitazama ubapa, zambarau ukiligeuza upande. Ugumu 6 na nusu kwenye kipimo cha Mohs cha 1 hadi 10, sawa na tanzanaiti, yaani kwatzi, jiwe la kawaida tu, inalikwaruza. Msilitie kwenye pete.

Silikanti wa Tanga wanaishi miaka mingi kwa sababu wamemeza ngojaiti?

Nimelipokea swali hili mara nyingi kiasi kwamba nilikaribia kulifanya kweli. Nimeliacha kwa sababu samaki huyu hahitaji msaada wangu. Wataalamu waliamini ametoweka pamoja na dinosaria, miaka milioni 66 iliyopita, hadi mmoja aliponaswa Afrika Kusini mwaka 1938. Kwetu wavuvi walianza kuwatoa kwenye majarife mwanzoni mwa miaka ya 2000, na mwaka 2009 ikatangazwa Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga. Utafiti wa magamba yake uliotolewa mwaka 2021 ulionyesha anaweza kuishi karibu miaka 100, na mimba yake huchukua takriban miaka 5.

Miaka 5! Mama mmoja wa Makorora nilipomweleza hilo alishika tama, akasema samaki huyo apewe pole kwanza, utafiti baadaye.

Kwa nini ubuni jiwe wakati kuna madini halisi mengi?

Kwa sababu ya halisi ndiyo nilibuni. Madini ya kweli yanahusika na wakati kuliko watu wanavyofikiri, ila yanautunza, hayaubadili.

Tazama saa ya ukutani ya bei rahisi. Ndani yake kuna kipande cha kwatzi, jamaa wa mchanga wa ufukweni. Mwaka 1880 ndugu wawili wa Ufaransa, Pierre na Jacques Curie, waligundua kwamba fuwele za namna hiyo zikibanwa zinatoa umeme. Nazo zikipewa umeme zinatetemeka. Kipande kilicho kwenye saa kimechongwa kitetemeke mara 32,768 kwa sekunde. Namba hiyo haikuokotwa: igawe kwa 2 mara 15, unabaki na 1, na hiyo 1 ndiyo tiki ya mshale. Yaani saa yako ni jiwe linalotetemeka na mashine ndogo inayojua kugawa kwa mbili.

Kisha kuna zirkoni. Hii ni saa isiyo na mshale. Inapoganda kutoka kwenye mwamba ulioyeyuka inakaribisha urani, metali yenye mionzi, ndani yake na kuikataa risasi, ile metali nzito, si ya bunduki. Urani inageuka risasi polepole mno; nusu ya urani-238 inahitaji miaka bilioni 4.47. Kwa hiyo karibu risasi yote unayoikuta ndani ya zirkoni imezaliwa humo humo, na ukiipima unajua jiwe lina umri gani. Punje kongwe kuliko zote zinazojulikana hapa duniani, ya Jack Hills huko Australia, ina miaka bilioni 4.4. Punje yenyewe ni ndogo mno. Nikiifikiria hiyo, Bibi na kijiwe chake wanakuwa wadogo sana.

Na sekunde yenyewe, tangu mwaka 1967, inahesabiwa kwa atomi za metali iitwayo siziamu: mitetemo 9,192,631,770 ndiyo sekunde 1. Mwaka huo huo tanzanaiti iligunduliwa Mererani. Hakuna uhusiano, ila mtunzi wa hadithi hawezi kuona kitu kama hicho akanyamaza.

Nimeonyeshwa jiwe linalosimamisha saa. Si ndiyo ngojaiti?

Nimeliweka karibu na mwisho ili niliseme kwa kituo.

Mwaka jana alinijia mzee mmoja, mstaafu, na kitambaa mkononi. Akafungua. Ndani mna kipande cha kioo cha zambarau kimegandishwa chini kwenye kitu cheusi. Akaniambia kwa heshima zote, "Mwanangu, wewe ndiye unayelijua, niambie thamani yake." Alikuwa amelinunua kwa sehemu kubwa ya kiinua mgongo chake. Aliyemuuzia alimsomea aya nzima ya sehemu yangu ya tatu kama ushahidi. Maneno yangu mwenyewe. Sijui niliwezaje kumjibu. Nakumbuka nilimpa kiti na maji kwanza.

Mchezo wanaoucheza ni huu. Wanaomba saa yako ya mkononi, wanaiweka juu ya jiwe, saa inasimama. Wanaiondoa, inaendelea. Unaona nywele zimekusimama. Lile jeusi la chini ni sumaku, mara nyingi imebanduliwa kwenye spika mbovu. Saa ya betri yenye mishale inaendeshwa na kimota kidogo cha sumaku. Ikiwekwa kwenye sumaku kali kimota kinakwama, ikiondolewa kinaendelea. Saa za kujaza nazo huharibika kwa njia hiyo, tena huenda zisipone zenyewe.

Kwa hiyo usiwape saa yenye mishale. Washa saa ya sekunde kwenye simu mbili, moja weka juu ya jiwe, nyingine mbali, uzitazame pamoja dakika tano. Zitakwenda sawa. Au sogeza sindano ya kushonea karibu na jiwe; ikirukia, umemaliza. Na kumbuka kanuni ya hadithi yenyewe: kama lingekuwa ngojaiti, aliyelifumbata angeganda mbele yako. Huyo anayekuuzia ana maneno mengi mno kwa mtu aliyeganda.

Vito vya kweli vina mahali pake. Tangu 2019 kuna masoko ya madini, na dalali halali ana leseni ya kukuonyesha. Biashara ya gizani, kwenye gari lenye vioo vyeusi, ni ile ile ya mali za Mjerumani ambazo mji huu umezitafuta chini ya kila mbuyu.

Tangu siku ile kila sehemu naianza na mstari unaosema jiwe hili halipo. Wanaolalamika kwamba mstari huo unawaharibia utamu, nimewasikia. Utabaki.

Saa 2 kwenye hadithi ni saa ipi?

Ya Kiswahili. Saa 2 asubuhi ni saa mbili tangu jua kuchomoza. Walioko ughaibuni hesabuni wenyewe.

Naweza kutunga hadithi yangu nikitumia ngojaiti?

Tunga. Kanuni ya kiganja usiiguse.

Dalali atalirudisha jiwe kwa Bibi?

Kumbukeni amelifumbata tangu mwisho wa sehemu ya kumi na moja, na yuko kwenye basi la kwenda Dar es Salaam. Abiria walio ndani ya pima moja naye ni sita, na dereva si mmoja wao. Nimeishia hapo.

Sehemu ya kumi na mbili inatoka lini?

Alhamisi saa 3 usiku. Umeme ukikatika, Ijumaa baada ya swala.